Manabii wa Machakos na kisanduku cha tarehe

Nimekuwa kimya hapa kwa majuma kadhaa, na najua baadhi yenu mnangoja ile makala niliyoahidi kuhusu hifadhidata. Itakuja, msijali. Leo nataka tuzungumze historia, kwa sababu kosa dogo nililofanya katika programu moja limenirudisha hadi mwaka 1911 na bado halijanitoka kichwani.

Kisa chenyewe ni hiki. Miaka michache iliyopita nilipewa kazi ya kutengeneza programu ndogo ya simu kwa ajili ya vikundi vya wakulima sehemu za Masinga. Tuliifanyia majaribio Ndithini, kaunti ya Machakos, pamoja na kikundi cha mwethya cha akina mama. Kwa wasiojua Kikamba, mwethya ni utaratibu wa majirani kukusanyika na kufanya kazi katika shamba la mmoja wao, kesho yake wanaenda kwa mwingine. Programu ilitakiwa kuweka kumbukumbu: nani amepanda nini, alipanda lini, anatarajia kuvuna lini.

Katika karatasi za maelezo nilizopewa kulikuwa na sharti moja. Tarehe ya mavuno isizidi miezi 24 kuanzia siku ya kuandikisha. Sababu ilielezwa kwa sentensi moja tu: kwamba watu wa sehemu hizi, kwa desturi yao, hawafikirii wakati ujao unaozidi miaka miwili. Sikuuliza swali. Niliandika mstari mmoja wa kuhakiki tarehe, nikaendelea na mambo mengine.

Siku ya majaribio, mwenyekiti wa kikundi alikuwa wa kwanza kuishika simu. Alikuwa amepanda miti ya mukau. Huu ni mti wa mbao unaostahimili ukame, na huchukua kama miaka kumi hadi kumi na tano kufikia kukatwa. Mama akaingiza mwaka anaotarajia kuikata, miaka 12 mbele. Programu ikamjibu kwa maandishi mekundu: "Tarehe si sahihi." Akajaribu tena. Jibu likawa lile lile. Akanigeukia, akaniuliza, "Mwanangu, hii simu imeambiwa nitakufa lini?"

Wenzake wakacheka. Nami nikacheka kidogo, kisha nikamwambia, "Hapana mama, kosa ni langu." Lakini usiku ule nilijiuliza: hii miaka miwili ilitoka wapi? Nani alipima?

Haya, tuanze safari.

Nadharia iliyozaliwa jirani

Miaka miwili ile ina baba yake, na baba mwenyewe ni Mkamba. Profesa John Mbiti alizaliwa mwaka 1931 huko Mulago, Kitui, yaani ng'ambo tu ya Machakos. Alisoma Makerere, akapata udaktari wake Cambridge mwaka 1963, akawa kasisi wa Kianglikana na mwalimu wa dini Makerere. Mwaka 1969 alitoa kitabu kilichompa jina duniani kote, African Religions and Philosophy.

Katika kitabu hicho Mbiti anasema kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati una sehemu mbili kubwa. Ya kwanza aliiita Sasa: mambo ya leo, ya juzi, na yale yatakayotokea karibuni. Ya pili aliiita Zamani: bahari kubwa ambamo kila tukio hatimaye huzama. Naam, maneno yenyewe aliyatoa katika Kiswahili. Watu wakifa hubaki kwanza katika Sasa, maadamu yupo anayewakumbuka kwa majina. Wakisahaulika huingia Zamani. Kwa hiyo wakati unarudi nyuma, hauendi mbele. Na wakati ujao? Kwa maoni yake ulikuwa karibu haupo, kwa kuwa jambo ambalo halijatokea haliwezi kuhesabiwa kuwa ni wakati.

Ushahidi wake mkubwa ulikuwa sarufi. Alichukua vitenzi vya Kikamba na Kikikuyu, akazipanga njeo zake, akaona kwamba zile za wakati ujao hazifiki mbali: miezi michache, na kwa wingi kabisa miaka miwili. Umeiona ile miezi yangu 24?

Tusimwonee mzee wetu, aliyefariki mwaka 2019. Alikuwa akiwajibu watu waliosema Waafrika hawana dini wala fikra. Tena alikijua Kikamba vizuri sana, hata akatafsiri Agano Jipya kwa Kikamba kutoka Kigiriki, tafsiri iliyotoka mwaka 2014. Lakini nadharia ni kama msimbo wa programu. Ukishauachia hadharani, wengine wataunakili bila kusoma maelezo ya mwandishi. Kutoka darasa la theolojia nadharia hii ikasambaa hadi kwenye semina za maendeleo, na mwishowe ikafika kwenye karatasi yangu.

Na hapa ndipo historia inapochekesha. Ukitafuta watu waliosimama hadharani kuipinga dhana kwamba wakati wa Mkamba hauna kesho, utawapata Machakos kwenyewe. Na utawapata zaidi ya nusu karne kabla Mbiti hajakiandika kitabu chake.

Waliohubiri kesho

Mwaka 1911, sehemu za kusini za wilaya ya Machakos ya wakati ule, kulizuka wimbi la watu kupagawa na pepo. Watu walicheza, wakatetemeka, wakaanguka, wakanena. Kupagawa kwenyewe hakukuwa kitu kipya. Wakamba walikuwa na aimu, yaani roho za wahenga, na walikuwa na waganga waliojua kuuliza aimu wanataka nini. Ule ndio ulikuwa utaratibu uliokubalika: shida ya leo inaelezwa kwa jambo la nyuma. Mvua imegoma? Kuna aliyekosewa zamani. Mtoto anaumwa? Kuna wa ukoo aliyesahauliwa. Unatoa sadaka, deni la jana linalipwa, maisha yanaendelea.

Safari hii kulikuwa na jambo jipya. Viongozi wawili walijitokeza, Siotune wa Kathuke na Kiamba wa Mutuavio, na ujumbe wao haukuhusu deni la jana. Walisema utawala wa Wazungu utapita, na kwamba watu wasizitii amri zake wala wasiwafanyie kazi. Vijana wakawasikiliza. Kwa machifu na wazee waliokuwa wamewekwa na serikali, hii ilikuwa fujo. Kwa serikali ilikuwa uasi. Viongozi wakakamatwa na kuhamishwa mbali na Ukambani.

Halafu ikaja Vita Kuu ya Kwanza. Wakamba wengi walichukuliwa kubeba mizigo ya jeshi, na wengi hawakurudi. Baada ya hapo homa ya mafua ya mwaka 1918, kisha kipande, kodi iliyopanda, na fedha iliyobadilishwa kutoka rupia hadi florini na kutoka florini hadi shilingi, yote ndani ya miaka michache. Hebu fikiria mtu anayeweka akiba katika hali hiyo.

Katika hali hiyo, mwaka 1922, akatokea Ndonye wa Kauti. Naye alisema Mungu amemteua. Alitangaza kwamba zama mpya zinakuja, mvua itanyesha kwa wakati wake, na Wazungu wataondoka. Wafuasi wakakusanyika. Serikali ilikuwa na wasiwasi mwingi mwaka ule, kwani Machi ilikuwa imemkamata Harry Thuku huko Nairobi na kumpeleka Kismayu. Haikungoja kuona kama mvua itanyesha. Ndonye alikamatwa akahamishiwa Siyu, katika kisiwa cha Pate, Lamu.

Tazameni basi watu hawa walifanya nini. Hawakudai kurudi Zamani. Hawakusema tu kwamba wahenga wamekasirika. Waliinuka dhidi ya hesabu ya waganga na dhidi ya hesabu ya serikali kwa pamoja, wakasema kuna siku mbele ambayo haijawahi kuwapo, na kwamba mtu abadili maisha yake leo kwa ajili ya siku hiyo. Kama huo si wakati ujao, basi sijui tuuite nini.

Je, waliazima tu?

Najua mmoja wenu ameshaanza kuandika maoni: "Hayo ni mafundisho ya wamisheni!" Ni hoja nzuri, tuitazame.

Ni kweli kwamba misheni ya Africa Inland ilianza kazi Ukambani mwaka 1895, pale Nzaui, na mwaka 1911 habari za kurudi kwa Yesu zilikuwa zimeshavuma. Mbiti mwenyewe aliliona jambo hili. Kitabu chake cha mwaka 1971, kilichotokana na utafiti wa Cambridge, kinaeleza jinsi Wakamba walioongoka walivyoipokea ahadi ya mbinguni kama jambo la karibu sana, la kesho kutwa. Kwa maoni yake wamisheni walileta wakati wa mbele kwa watu ambao hawakuwa na mahali pa kuuweka.

Mimi naona tofauti. Kuna simulizi za Syokimau, mwaguzi mwanamke wa Kikamba anayesemekana kumwona nyoka mrefu akitoka upande wa bahari, pamoja na watu wenye ngozi kama nyama na moto mifukoni. Reli ilipojengwa kati ya 1896 na 1901, watu wakasema ndiye yule nyoka. Unaweza kusema simulizi hiyo ilinyooshwa baada ya reli kufika, na sitakubishia. Lakini hata kama ilinyooshwa, inaonyesha watu waliona ni jambo la kawaida kwa mwaguzi kutazama miaka mingi mbele. Machakos yenyewe ina jina la Masaku, naye anakumbukwa kama mwaguzi. Jamii isiyokuwa na mahali pa kuweka kesho isingewapa heshima namna hiyo watu wanaoiona kesho.

Na hoja ya sarufi? Hapa waandishi wa programu tuna la kusema. Katika Kiswahili tunatumia "-ta-" ile ile kwa "nitakuja kesho" na kwa "wafu watafufuliwa". Kichina hakibadilishi kitenzi kabisa kwa ajili ya wakati, na hakuna anayesema Wachina hawapangi mambo ya mbele. Njeo ni aina ya kisanduku. Haikwambii ni thamani gani itatiwa ndani. Kuhukumu upeo wa fikra za watu kwa njeo zao ni kama kusema mteja hawezi kuwa na shilingi milioni kwa sababu fomu yako ina nafasi ya tarakimu tano.

Wanafalsafa nao walimjibu Mbiti. Byang Kato wa Nigeria alimpinga kwa upande wa theolojia mwaka 1975. Kwame Gyekye wa Ghana, mwaka 1987, alionyesha kwamba lugha ya Kiakan ina maneno na methali za wakati ujao wa mbali, na kwamba huwezi kuchukua lugha mbili za Kenya ukazungumzia bara zima. D. A. Masolo, Mkenya, aliirudia mizani hiyo mwaka 1994. Majibu mazuri yote. Lakini kwangu jibu kubwa limeandikwa katika udongo.

Nabii ambaye hakupelekwa Siyu

Mwaka 1937 ofisa wa serikali wa hifadhi ya udongo, Colin Maher, aliandika ripoti kuhusu ardhi ya Wakamba wa Machakos. Alitabiri umaskini na jangwa. Watu ni wengi mno, mifugo ni mingi mno, udongo unakwenda, na wenyeji hawaangalii mbele. Huo nao ulikuwa unabii, lakini uliandikwa kwa taipu, kwa hiyo ukageuka kuwa sera.

Mwaka 1938 serikali ikaanza kuwanyang'anya Wakamba ng'ombe na kuwauza kwa lazima. Maelfu waliandamana hadi Nairobi, wakakaa huko kwa majuma. Kiongozi wao, Muindi Mbingu, akahamishwa Lamu. Mnaona mtindo? Aliyesema kesho itakuwa vingine alipandishwa merikebu. Na ng'ombe wenyewe walikuwa nini? Walikuwa akiba: mahari ya mtoto ambaye bado ni mdogo, bima ya mwaka wa njaa ambao bado haujaja. Serikali iliyoshangaa kwamba watu hawawazi kesho ilikuwa inaichukua kesho yao na kuipeleka kiwandani. Mwishowe ililazimika kuuacha uuzaji huo wa lazima.

Utabiri wa Maher uliishaje? Mwaka 1932 Machakos, pamoja na sehemu inayoitwa sasa Makueni, ilikuwa na watu kama 240,000. Mwaka 1990 walikuwa kama milioni 1.4. Kwa hesabu yake pangekuwa jangwa tupu. Watafiti Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki walirudi wakalinganisha, na kitabu chao cha mwaka 1994 kilionyesha kinyume: watu wameongezeka karibu mara sita, lakini mmomonyoko umepungua na mazao kwa kila mtu yameongezeka.

Siri ni matuta ya ngazi. Wakati wa ukoloni watu walilazimishwa kuyachimba, wakayachukia. Baada ya uhuru, hasa kuanzia miaka ya 1970, waliyachimba wenyewe kwa hiari, kwa mwethya, wengi wao wanawake. Mtindo unaotumika sana unaitwa fanya juu, na jina hilo la Kiswahili hutumiwa na wataalamu wa udongo nje ya Kenya pia. Unachimba mtaro kukingama na mteremko, udongo unaurusha upande wa juu, kisha unangoja. Mvua moja haitoshi, na msimu mmoja hautoshi. Shamba hujisawazisha polepole kwa miaka. Anayechimba leo na jembe anafanya kazi ambayo faida yake kamili ataipata mtoto wake.

Hao ndio watu ambao programu yangu iliwaambia hawana mwaka wa tatu.

Karibu na Ndithini kuna funzo jingine. Bwawa la Masinga, lililokamilika mwaka 1981, lilijengwa na wahandisi waliopiga hesabu ya matope yatakayoingia kwa miaka mingi ijayo. Matope yaliingia kwa kasi kuliko hesabu. Siwacheki wahandisi. Nasema tu kwamba kila mtu hutabiri, mwenye pepo na mwenye kompyuta, na wote hukosea. Tofauti ni nani anaruhusiwa kukosea na kubaki kazini.

Nasi je?

Kabla hatujajiona werevu, tujiangalie sisi watu wa kompyuta. Mifumo mingi ya zamani huhesabu wakati kwa sekunde tangu tarehe 1 Januari 1970, katika nafasi ya biti 32. Nafasi hiyo hujaa baada ya sekunde 2,147,483,647, yaani tarehe 19 Januari 2038, saa kumi na mbili na dakika kumi na nne asubuhi kwa saa zetu za Afrika Mashariki. Sekunde inayofuata, mfumo ambao haujarekebishwa utadhani ni mwaka 1901. Utarudi Zamani! Mkopo wa nyumba wa miaka 25 uliochukuliwa mwaka 2013 tayari unafika 2038. Na mukau wa yule mama unaugusa mwaka ule ule.

Kwa hiyo kama kuna kabila ambalo wakati wake ujao una ukuta, ni kabila letu sisi. Na hakuna aliyetuandikia kitabu kusema hatuna dhana ya kesho. Watu walisema tu kwamba aina ya data ilikuwa fupi, tukaipanua hadi biti 64. Siotune, Kiamba na Ndonye hawakupewa hisani hiyo. Wao waliambiwa wana wazimu, kisha wakaonyeshwa njia ya kwenda uhamishoni.

Programu niliirekebisha jioni ile ile pale Ndithini, nimekaa kwenye benchi nje ya duka, betri ikiwa imebaki asilimia tisa. Nilifuta ule mstari wa miezi 24. Sasa inakataa tu tarehe ya mavuno iliyo kabla ya tarehe ya kupanda, maana hata nabii hawezi kuvuna kabla hajapanda. Asubuhi mama akaijaribu tena, ikakubali. Akaniambia, "Sasa weka na ya matuta." Nikamuuliza aandike mwaka gani wa kumaliza. Akafikiri kidogo, akasema, "Hayo hayamalizwi. Acha wazi."

Nikagundua sikuwa na kisanduku cha "wazi". Ikabidi nikiongeze.

Ushauri wangu kwa wanaoanza kazi hii: mkikabidhiwa sharti linalosema watu fulani hawawezi kufikiri jambo fulani, ulizeni limetoka wapi kabla hamjaliandika. Msipopata jibu, msiliandike.

Nawe msomaji, kwenu kuna manabii wa aina hii ambao serikali iliwahamisha? Wa Giriama, wa Ugusii, wa Uganda? Niandikieni. Makala ya hifadhidata inafuata, naahidi tena, ingawa tarehe nimeiacha wazi.